Je, 4K Imeiua Ndoto? Jibu kwa Msomaji wa Bombo

Swali: "Nawaandikia kutoka Bombo, Uganda. Nikiwa shuleni niliiona Eraserhead, filamu ya kindoto ya Mmarekani David Lynch, katika kibanda cha video cha mjomba wangu, kwa DVD iliyochakaa, na kwa muda mrefu baadaye niliogopa kulala peke yangu. Mwaka huu kaka yangu amenunua televisheni ya inchi 55, tukaitazama tena, mara hii nakala iliyokarabatiwa ya 4K, yaani yenye picha kali mno. Tulikaa kwenye makochi, kama mita tatu kutoka kwenye kioo. Hofu yote ilitoweka. Yule mtoto wa ajabu anaonekana wa mpira, vipodozi vya mwanamke wa kwenye radieta (kipasha joto cha chumba) vinaonekana wazi, na watu wanatembea kwa kuteleza kama wa tamthilia za jioni. Je, usafi wa picha umeiharibu filamu, au ni mimi nimekua? Nauliza kwa sababu tuna klabu ya watu kama 30 na tunataka kuionyesha. Tuchukue nakala ipi?"

Jibu:

Dada yangu, chukueni ya 4K. Ila msiionyeshe kama mlivyoitazama pale sebuleni, kwa sababu katika maelezo yako kuna jambo lililonishtua: hao watu wanaoteleza. Hakuna filamu ya 1977 inayoteleza. Waliokarabati Eraserhead hawakufanya hivyo. Imefanya hivyo televisheni ya kaka yako, na naamini ndiyo iliyokunyang'anya sehemu kubwa ya hofu unayoitafuta. Nitalifikia hilo. Kwanza nataka nikujibu swali lililo chini ya swali lako, maana mimi hurekebisha rangi za filamu hapa Kampala na swali hili hunifuata kila wiki: je, filamu ya kindoto inahitaji ukungu ili ibaki ndoto?

Tuangalie kwanza ulichokiona kibandani. Eraserhead ilipigwa kwa filamu ya milimita 35, nyeusi na nyeupe. Picha ya kwanza kabisa ni negativu iliyopita ndani ya kamera. Kutokana na hiyo hutengenezwa positivu ya kati, kisha negativu nyingine, na mwishowe nakala za kupelekwa kwenye majumba ya sinema. Kila hatua hupunguza kitu: mistari myembamba hulegea, vivuli hugandamana, mwanga hupoteza ngazi zake. Baadaye yakaja matoleo ya video na DVD. Fremu (picha moja ya filamu) ya DVD ya mfumo tunaoutumia huku ina pikseli, yaani nukta za picha, 720 kwa 576, yaani zisizozidi 415,000. Nayo DVD ya mjomba pengine ilinakiliwa kutoka nakala nyingine, ikabanwa zaidi ili iingie na filamu nne katika diski moja. Kwa hiyo ulikuwa unatazama kivuli cha kivuli.

Fremu ya 4K ya nyumbani ina pikseli milioni 8.3, karibu mara 20 ya ile ya DVD. Lakini namba hiyo peke yake haina maana. Maana yake inatoka mahali ambapo mkarabati ameanzia. Kazi ya kweli ni kurudi nyuma hadi kwenye negativu, au kitu kilicho karibu nayo kadiri inavyowezekana, kuipitisha kwenye skana fremu moja moja (filamu ya dakika 89 ina fremu zaidi ya 128,000), kisha kuondoa vumbi na mikwaruzo, kutuliza picha inayoyumba, na kurudisha mwanga ulivyokuwa. Mkarabati mwema haongezi chochote. Ukarabati wa 4K wa Eraserhead ulitolewa na Criterion, kampuni ya Marekani ya filamu za zamani, mwaka 2014 kwenye diski za Blu-ray za HD (kiwango kilicho chini ya 4K), Lynch akiwa hai, naye alikuwa mtu mkali mno kuhusu picha zake na sauti zake.

Sasa ukungu. Wengi tunadhani ndoto ni kitu kisichoonekana vizuri. Hebu ikumbuke ndoto ya mwisho iliyokuamsha ukitokwa jasho. Ukungu ulikuja asubuhi, ulipojaribu kuisimulia. Ulipokuwa ndani yake kila kitu kilikuwa wazi mno: kitasa cha mlango kilikuwa baridi mkononi, sura ya marehemu bibi ilikuwa na mikunjo yake yote, na hukushangaa kwa nini amekaa jikoni mwa nyumba usiyoijua. Kinachotisha katika ndoto ni vitu halisi vilivyowekwa mahali pasipostahili. Wasurrealisti wa Paris, wasanii wa miaka ya 1920 waliochota kazi zao kwenye ndoto, walilijua hili vizuri. Hawakupaka ukungu. Waliweka vitu viwili vya kweli kando kwa kando, vikakataa kuelewana.

Chukua mfano unaojulikana kuliko yote, Un Chien Andalou ya Luis Buñuel na Salvador Dalí, ya mwaka 1929. Mwanzoni kabisa mwanamume ananoa wembe, anamfumbua mwanamke jicho, na wembe unapita. Mwenye wembe ni Buñuel mwenyewe, na jicho linalokatwa ni la ndama aliyekwisha kufa. Katika nakala mbovu huwezi kuujua ujanja huo. Katika nakala nzuri unaziona nywele za ngozi ya mnyama kando ya jicho, unajua kabisa kwamba huyu si yule mwanamke, na bado unakunja uso. Nimewaonyesha vijana wanaojifunza kazi hii, nikawaambia kabla kwamba ni jicho la ndama, na bado nusu yao waliziba macho. Ujuzi wa akili na mshtuko wa mwili havipiti njia moja. Tena mimi naona nywele zile zinaongeza ubaya: sasa kuna mwanamke na kuna mnyama ndani ya jicho moja.

Au tuje karibu na kwetu. Touki Bouki ya Djibril Diop Mambéty, Msenegali, ni ya mwaka 1973: vijana wawili wa Dakar, Mory na Anta, wanatamani kwenda Paris, na pikipiki yao imefungwa fuvu la ng'ombe lenye pembe mbele ya usukani. Mwaka 2008 filamu hiyo ilikarabatiwa Bologna, Italia, kwa msaada wa mfuko ulioanzishwa na Martin Scorsese kwa ajili ya sinema za dunia. Niliwahi kuiona katika nakala iliyofifia, na nilidhani ni filamu ya huzuni. Baada ya ukarabati jua la Dakar limerudi, kali, jeupe, na damu ya machinjioni ni nyekundu kama ilivyo kweli. Ghafla pikipiki ile haionekani tena kama alama ya kitu fulani. Ni pikipiki, na yale ni mafupa, na vinapita barabarani mchana kweupe. Hapo ndipo niliposisimka.

Kama unataka ushahidi usiohusu sinema, wapo wasomaji waliokwenda kwenye Jumba la Makumbusho la Uganda mwaka 2019, kwenye maonyesho ya picha za enzi ya Idi Amin. Zilitoka katika hazina ya negativu zipatazo 70,000 zilizokuwa zimehifadhiwa kwenye Shirika la Utangazaji la Uganda. Nyingi hazikuwahi kuonekana na watu. Picha zile hazikuwa na ukungu wa gazeti la zamani. Uliona vifungo vya sare, saa mikononi, na nyuso za watu wa kawaida waliosimama pembeni ambao hakuna aliyekusudia kuwapiga. Wengi wetu tuliondoka kimya, na usafi ule ndio uliotunyamazisha.

Rudi sasa kwa Eraserhead. Lynch aliianza mwaka 1972 na ilimchukua karibu miaka mitano, wakipiga picha usiku kwa usiku katika mabanda ya zamani ya farasi ya jumba moja la kifahari kule Beverly Hills. Wapiga picha wake, Herbert Cardwell na baada yake Frederick Elmes, walijenga filamu yote juu ya weusi. Nasema weusi, sio giza tu: kuna weusi wa koti la Henry, mhusika mkuu, weusi wa ukuta nyuma ya koti, na weusi wa kona ambako huna hakika kama kuna kitu. Kwenye DVD ya kibandani weusi huo wote ulikuwa kijivu kimoja. Kilima cha udongo kilicho juu ya kimeza kando ya kitanda, na kijiti kikavu kimechomekwa ndani yake, pengine hukukiona kabisa. Dirisha linalotazama ukuta wa matofali lilikuwa mraba tu. Ngozi ya yule mtu anayevuta vishikio ndani ya sayari ilikuwa madoa. Vitu hivi ndivyo ndoto yenyewe, na ukarabati ndio umevirudisha.

Lakini sitaki kukunyima haki yako. Kuna mahali uko sahihi kabisa.

Kwanza, picha isiyoonekana vizuri huifanya akili ya mtazamaji ifanye kazi ya ziada. Mtoto yule kwenye DVD mbovu angeweza kuwa kitu chochote, nawe ukiwa shuleni ulimjaza kwa hofu zako mwenyewe. Hilo lilikukuta kweli na hakuna mtaalamu wa kukuambia halikuwa. Pili, watengenezaji wa zamani walijua watazamaji wataona nakala ya sinema, iliyo hatua kadhaa mbali na negativu. Vipodozi, gundi, nyuzi za kushikilia vitu, vyote vilipimwa kwa macho ya nakala ile. Skana ya leo inaona zaidi ya walivyotarajia kuonwa. Mkarabati mzuri hutafuta nakala ya zamani iliyotunzwa vizuri, anaiweka kando ya kazi yake, na kurudisha weusi na kontrasti (tofauti ya mwanga na giza) vilivyokuwa sinemani, ili kilichokusudiwa kifichike kwenye kivuli kibaki kivulini. Mkarabati mwenye tamaa hufungua vivuli vyote ili mteja aone fedha yake imekwenda wapi, na hapo filamu ya kindoto hufa kweli.

Kuna tamaa nyingine ninayoipiga vita kazini: kufuta chembe. Picha ya filamu nyeusi na nyeupe imetengenezwa kwa chembe za madini ya fedha, na chembe hizo hucheza kutoka fremu hadi fremu, ndiyo maana ukuta mtupu kwenye filamu unaonekana kama unapumua. Kuna wateja wanaoziona kama uchafu na kutaka programu izifute. Ni sawa na kufua kanga kwa jiki: doa linatoka, na maua ya kanga yanatoka nalo. Nyuso zinabaki za nta, na kuta zinakuwa kadibodi. Katika Eraserhead, ambamo dakika nyingi hutazami kitu ila chumba, radieta na mtu anayesubiri, chembe zile ndizo zinazokifanya chumba kiwe hai. Ukiona nakala ya filamu ya zamani isiyo na chembe hata moja, usiiamini, hata ikiwa imeandikwa 4K kwa herufi za dhahabu.

Ipo pia filamu inayopindua hoja yangu, na ni ya Lynch huyuhuyu. Inland Empire ya mwaka 2006, ndefu ya saa tatu, aliipiga kwa kamera ndogo ya video, Sony PD150, ya kiwango cha kawaida tu. Huko hakuna negativu ya kurudia. Uchafu wa picha, rangi zinazovuja, nyuso zinazovunjika zikisogelea kioo: huo ndio mwili wa filamu. Ilipokarabatiwa mwaka 2022, picha ya HD iliyokuwa imetengenezwa zamani ilishushwa tena hadi kiwango cha kawaida ili kuondoa maelezo ya uongo, kisha ikapandishwa hadi 4K kwa programu ya akili bandia. Lynch alilisimamia na kulikubali. Naiheshimu kazi hiyo, hasa hatua ya kwanza, maana ni nadra mkarabati kuanza kwa kuondoa. Hata hivyo mimi nikichagua nakala ya kutazama usiku, nachagua ile ya mwanzo. Sura ya mwigizaji Laura Dern katika video ile mbichi inanitisha kwa namna ambayo nakala tulivu haifanyi. Kwa filamu hii hofu yako ya "usafi" ina msingi.

Nasi tuna yetu. Who Killed Captain Alex? ya Nabwana I.G.G. wa Wakaliga, ya mwaka 2010, nakala yake safi ya mwanzo haipo tena. Iliyobaki ni ile ya DVD, na sauti ya VJ Emmie (VJ ni msimulizi anayetafsiri filamu papo hapo) juu yake. Siku mtu akikuuzia "4K halisi" ya filamu hiyo, jua anakuuzia pikseli zilizobuniwa na kompyuta. Na kwa jumla, katika maduka ya kukopia filamu kwenye flashi, tazameni ukubwa wa faili kabla ya kulipa. Netflix wenyewe wanasema picha yao ya 4K inaweza kufika GB 7 kwa saa. Faili la GB 1.5 la filamu nzima haliwezi kuwa 4K ya maana. Ni DVD iliyovutwa, na weusi wake utajaa miraba.

Sasa tuje kwenye televisheni, ambako ndiko kosa lilikotokea.

Filamu ina fremu 24 kwa sekunde. Televisheni za kisasa hutoka kiwandani zikiwa na mfumo unaobuni fremu za katikati na kuziingiza, ili mpira wa miguu uonekane laini. LG huuita TruMotion, Samsung Auto Motion Plus, Sony Motionflow. Kwa mpira, sawa. Kwa filamu ni balaa: mwendo unakuwa wa studio ya habari, na chochote kilichotengenezwa kwa mkono kinaonekana kimetengenezwa kwa mkono. Ndiyo maana mtoto yule alikuwa mpira. Mwendo wake mfupi, wa kushtuka, uliogawanywa katika fremu 24, ulilainishwa na mashine hadi ukawa mwendo wa mwanasesere. Lynch alifariki Januari 2025 bila kusema alimtengenezaje, na ukimtazama kwa fremu zake halali hutajali jibu. Televisheni hizo pia huwa na mwangaza wa dukani, uliopandishwa ili zishindane na taa za duka. Mwangaza huo ndio uliokufungulia vivuli na kukuonyesha vipodozi.

Na hili nalo: kutoka mita tatu, jicho la kawaida la binadamu haliwezi kutofautisha 4K na HD nzuri ya 1080 kwenye inchi 55. Pikseli za HD kwenye kioo hicho hupotea machoni ukishavuka mita mbili na kidogo, na ili uzione faida zote za 4K ungekaa karibu mita moja. Kwa hiyo pikseli zile milioni nane hata hukuziona. Ulichokiona ni mwendo bandia, mwangaza uliozidi, na picha iliyosafishwa ikilinganishwa na kumbukumbu ya DVD.

Fanyeni hivi basi. Shikeni remoti, ingieni kwenye menyu ya picha, mtafute Filmmaker Mode. Televisheni nyingi zilizotengenezwa baada ya 2019 zinayo, na huzima ulainishaji wote kwa mpigo mmoja. Kama haipo, chagueni hali ya sinema na mzime huo mfumo wa mwendo kwa jina lake. Shusheni mwangaza. Kipimo chenu kiwe koti la Henry: likiungana na ukuta hadi mabega yapotee, mmeshusha mno, mkiona kila mkunjo kama mchana, bado uko juu. Msitegemee intaneti, kwa sababu mtandao ukilegea jioni picha hubanwa, na weusi ndio hufa wa kwanza. Tumieni diski.

Mnaweza kushawishika kuazima projekta kwa sababu mko 30. Kwa filamu nyingine ningesema ndiyo. Kwa hii, projekta ya bei nafuu katika ukumbi wenye kuta nyeupe itawapa kijivu kilekile cha kibandani, hata faili likiwa zuri namna gani. Afadhali inchi 55 na viti vilivyosogezwa, watoto wakubwa kwenye mkeka mbele, dirisha limefunikwa, na muanze baada ya giza kuingia kabisa. Wadogo wapelekeni nyumbani. Hii si yao.

VJ asiwepo. Nawapenda VJ, nimekulia kwenye sauti zao, na naamini kutafsiri filamu papo hapo kwa Kiganda mbele ya watu mia ni sanaa ambayo dunia imechelewa kuitambua. Lakini Eraserhead ina maneno machache sana, na chini ya maneno hayo Lynch na Alan Splet, fundi wake wa sauti, walitandika mngurumo wa mitambo, upepo na mvuke usiokoma karibu filamu nzima. Mngurumo huo una ngazi zake kama weusi ulivyo na ngazi zake. Unganisheni spika mbili za kweli badala ya zile za televisheni, ongezeni sauti kidogo zaidi ya mlivyozoea, na kama umeme si wa kuaminika siku hiyo, jenereta iwekwe nyuma kabisa ya jengo na waya mrefu uletwe ndani, ili watu wasikie mashine za Lynch tu.